Hati ya Kilwa kuhusu "siri ya wakati": wanafunzi wananiuliza, niwajibu nini?

Mwalimu_Lindi aliandika:

Wakuu, habari za jioni. Mimi ni mwalimu wa fizikia katika sekondari moja huku Lindi, naomba msaada wa anayejua maandishi ya kale.

Tangu tufungue shule kuna faili linazunguka kwenye makundi ya WhatsApp, kurasa thelathini na kitu, limepewa jina la "Chuo cha Wakati". Wanaolisambaza wanasema ni hati iliyoandikwa Kilwa Kisiwani mwaka 900, ikafichwa ndani ya ukuta wa msikiti, ikaonekana juzi juzi. Mwanzoni kuna picha tano za kurasa zenyewe kwa herufi za Kiarabu, halafu inafuata "tafsiri" ndefu kwa Kiswahili tunachozungumza leo.

Humo mzee mmoja mwenye hekima anafundisha kwamba wakati haupiti, tunaopita ni sisi. Kwamba Zamani ni bahari na kila Sasa humezwa humo. Kwamba aliye juu ya mlima, siku zake hukimbia kuliko za aliye bondeni. Hili la mlima ndilo lililowawasha vijana wangu. Niliwahi kuwaeleza kuwa saa zilizo kwenye setilaiti za GPS hukimbia kuliko za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 kwa siku, na zisiporekebishwa simu itakuonyesha uko baharini wakati umesimama sokoni. Sasa wamenijia mbio: "Mwalimu, Einstein amekuja kusema mwaka 1915 kitu ambacho babu zetu wa Kilwa walishakiandika!"

Kilwa si mbali na sisi, baadhi yao wana ndugu Masoko. Sijapata kuona darasa langu likiwa na hamu namna ile. Wapo wanaotaka tuchange nauli tukaione. Mwisho wa faili kuna namba ya simu ya kutuma mchango "wa kuikomboa hati isiuzwe nje", na najua kuna walezi wawili watatu wameshatuma.

Sitaki kuwadanganya, na sitaki kuwazimia moto wao. Picha zote tano nimeziweka hapo chini.

Kaka_wa_Temeke alijibu:

Mwalimu, waache vijana wajivunie. Kwa nini kila kitu cha Mwafrika mpaka kipitishwe na maabara za Ulaya ndipo kiwe kweli? Hata Timbuktu waliambiwa hawana maandishi, leo hati zao ni maelfu kwa maelfu. Kilwa ilikuwa dola, ilipiga sarafu zake yenyewe. Mimi naamini.

Fundi_wa_Vyuo alijibu:

Mwalimu, salamu kutoka Unguja. Kazi yangu ni kutengeneza vyuo vya zamani, yaani vitabu vilivyoandikwa kwa mkono: kushona migongo iliyoachia, kuziba karatasi zilizoliwa, kupiga picha kila ukurasa kabla haujapukutika mikononi. Picha zako nimezikuza na kuzitazama moja moja. Nitaandika kwa kirefu kwa sababu jambo hili limeniuma.

Anza na picha ya tatu, mstari wa sita kutoka juu. Kuna tundu dogo la mdudu, la mviringo. Mdudu hajui kusoma, akitoboa hupita popote, katikati ya herufi, kwenye nukta, kwenye nafasi tupu. Ndiyo maana katika chuo halisi utakuta nusu ya herufi imeliwa na inabidi ukisie neno. Hapa neno zima lipo. Herufi zake mbili zimebanwa upande wa kulia wa tundu, zilizobaki zimeanza upande wa kushoto. Mwandishi amelikwepa tundu, maana yake alilikuta. Shuka mistari minne: pembeni karatasi imepasuka, na wino umeshuka ndani ya mpasuko ukatuama kama maji kwenye ufa. Karatasi ilipasuka kwanza, wino ukaja baadaye.

Mchezo huu unachezwa hata kwa matajiri wa dunia. Mwaka 2020 Jumba la Makumbusho ya Biblia la Washington lilitangaza kwamba vipande vyake vyote 16 vilivyodhaniwa kuwa vya magombo ya Bahari ya Chumvi, maandishi ya kale ya Kiyahudi, ni bandia. Ngozi ilikuwa ya kale kweli. Wino ndio uliokuwa mpya, na kilichowafichua ni kule kutuama kwenye nyufa.

Sasa tazama uchafu wa vidole. Chuo cha herufi za Kiarabu hufunguliwa kutoka kulia. Msomaji akimaliza kurasa mbili zilizo mbele yake, hushika kona ya chini kushoto na kufunua. Miaka mia ya vidole vyenye jasho na mafuta huacha kivuli cheusi kwenye kona hiyo hiyo, laini, ukikigusa karatasi imekuwa kama kitambaa. Kwenye picha ya pili na ya nne kivuli kipo kona ya chini kulia. Aliyekipaka amezoea vitabu vinavyofunguliwa kutoka kushoto.

Kisha hakuna neno la kuongoza. Waandishi wetu hawakuwa wakiweka namba za kurasa. Chini kabisa, pembeni, waliandika kwa mshazari neno la kwanza la ukurasa unaofuata, ili karatasi zikitawanyika mtu aweze kuzipanga tena. Picha zako zinaonyesha kurasa zinazofuatana na chini yake ni kutupu. Wala hawakutoa picha ya ukurasa wa mwisho, mahali ambapo mwandishi hutaja jina lake, aliyemwandikia, siku, mwezi na mwaka wa Hijria, na kuomba dua. Ukurasa huo ndio wa kwanza ninaoutafuta chuo chochote kikiletwa mezani kwangu.

Ila kuna kitu ni cha kweli, na hicho ndicho kilichoniuma. Picha ya tano imepigwa karatasi ikiwa dirishani. Tazama katikati: miezi mitatu michanga, mkubwa, wa kati na mdogo, imefuatana. Hiyo ni alama ya karatasi za Italia zilizouzwa katika nchi za Kiislamu hadi kufika pwani yetu, karne ya 17 mpaka ya 19. Nazishika mara kwa mara. Karatasi hiyo haiwezi kuwa ya mwaka 900, lakini si ya dukani. Mtu amezitoa kurasa tupu za mwanzo na mwisho wa chuo halisi, akaziandika upya. Mahali fulani kuna chuo cha kweli kilichopasuliwa kwa ajili ya faili hili.

Kaka wa Temeke, hapa sijahitaji maabara ya Ulaya. Ni macho, na mwanga wa dirisha. Na Kilwa naipenda kuliko unavyodhani. Ibn Battuta alifika huko mwaka 1331 akauandika mji huo kwa sifa. Lakini jiulize ni nini kilichobaki. Tarehe ya masultani wa Kilwa wenyewe, kitabu cha nasaba yao, nakala ya asili hatuna. Tunaisoma kwa sehemu alizozichukua Mreno João de Barros akazichapisha mwaka 1552, na kwa nakala iliyoandikwa Zanzibar mwaka 1877 ambayo iko London. Kizimkazi, huku Unguja, tuna maandishi ya Kikufi, mwandiko wa kale wa Kiarabu, kwenye kibla ya msikiti, mwaka 500 wa Hijria, yaani 1107, na yamedumu kwa sababu ni ya mawe. Barua za watu wa pwani yetu zilizohifadhiwa Goa ni za mwanzoni mwa karne ya 18. Unyevu, chumvi, mchwa, na mizinga ya Wareno mwaka 1505 vimetunyima mengi. Karatasi ya mwaka 900 ingetoka kwenye ukuta wa matumbawe nchi hii, ingetoka unga.

Waambie walezi wasitume hata shilingi. Mwenye hati halisi akiombwa picha ya ukurasa wa mwisho, na picha ya karatasi yenye tochi nyuma yake, hutoa. Huyo wa namba ya simu mwombeni muone.

Mwalimu_Lindi alijibu:

Fundi, Mungu akuweke. Nimewaonyesha vijana lile tundu kwa projekta, wakanyamaza kwanza, kisha wakaanza wenyewe kutafuta mengine. Binti mmoja amegundua kwamba doa la "maji" kwenye picha ya kwanza na ya nne ni lile lile, limegeuzwa tu.

Nimefanya pia hesabu ya mlima pamoja nao. Anayekaa kileleni Kilimanjaro, mita 5,895, saa yake itaizidi ya mtu wa pwani kwa takriban nanosekunde 55 kwa siku. Akikaa huko miaka 70 bila kushuka, atakuwa amemzidi kwa kama milisekunde moja na nusu. Hakuna jicho wala moyo wa mwanadamu unaoweza kuhisi kitu hicho. Zilihitajika saa za atomu. Mwaka 1971 zilizungushwa dunia kwa ndege za abiria, na mwaka 2010 huko Marekani wakaweza kupima tofauti kati ya saa mbili zilizopishana kimo cha sentimita 33. Kwa hiyo mwandishi wa sentensi ya mlima aliisoma mahali.

Lakini bado nina deni kwao. Wananiuliza: je, sisi hatukuwa na lolote la kusema juu ya wakati?

Msomaji_Eldoret alijibu:

Mwalimu, mimi nilisomea falsafa chuo kikuu Nairobi. Nimeisoma hiyo tafsiri yote, na naweza kukuambia sehemu nyingine ilikotoka. Ile habari ya Sasa na Zamani, kwamba Zamani ni bahari na matukio yote hurudi nyuma kuelekea humo, ni ya Profesa John Mbiti, Mkenya mwenzetu, katika kitabu chake cha mwaka 1969 juu ya dini na falsafa za Kiafrika. Yeye ndiye aliyeyachukua maneno hayo mawili ya Kiswahili na kuyafanya majina ya nadharia. Alikuwa akiwaeleza wasomi jinsi alivyoona watu wa jamii za Afrika wanavyoufikiria wakati: nyuma ni kurefu, sasa ni kupana, na mbele ni kufupi sana, kwa sababu ambacho hakijatokea hakijawa wakati bado. Faili lenu limepanga hoja kwa utaratibu ule ule wa kitabu chake. Mbiti alifariki mwaka 2019, hawezi kudai chake.

Na ningependa vijana wajue kwamba alipingwa, tena na Waafrika. Kwame Gyekye wa Ghana alijibu kwamba Waakan wana maneno na methali za kutosha za wakati ujao, hivyo huwezi kusema "Waafrika" kwa mkupuo. Mimi naona Gyekye ana haki, ingawa bila Mbiti mjadala wenyewe usingekuwepo. Mpe mwanafunzi kazi hii: bibi yako akipanda mnazi, mti utakaozaa baada ya miaka, je, anawaza wakati ujao au hawazi? Watabishana mpaka kengele ilie.

Halafu, kama wanataka Mwafrika aliyeandika juu ya asili ya wakati miaka mia tano kabla ya huo mwaka 900 wa kubuni, yupo, na maandishi yake hayana shaka. Agostino, askofu wa Hippo, mji ambao leo ni Annaba nchini Algeria. Alizaliwa mwaka 354, akafa mwaka 430. Katika kitabu cha 11 cha Maungamo yake anauliza: yaliyopita hayapo tena, yajayo hayapo bado, na sasa haina urefu, basi tunapima nini tunaposema muda mrefu? Jibu lake ni kwamba tunaupima ndani ya nafsi: kumbukumbu, uangalifu na matarajio. Anatumia mfano wa mtu anayeimba zaburi aliyoikariri. Kabla hajaanza, zaburi yote iko kwenye matarajio. Akiimba, inahama kidogo kidogo kwenda kwenye kumbukumbu. Mimi niliposoma mahali hapo niliweka kitabu chini nikatoka nje kutembea. Hakuna aliyehitaji kughushi.

Ukienda mbali zaidi, Misri: chombo cha maji cha kupimia saa kilichopatikana Karnak, cha enzi za farao Amenhotep wa tatu, karne ya 14 kabla ya Kristo. Ndani kina mistari tofauti kwa kila mwezi kwa sababu usiku wao waliugawa saa 12 daima, uwe mrefu au mfupi.

Mwanakwetu_Makunduchi alijibu:

Assalaam aleikum nyote. Mimi nitasema la kwetu tu.

Mwalimu, huku Makunduchi wakati wa wazee haujafichwa ukutani. Kila Julai tunauogelea: Mwaka Kogwa, Siku ya Mwaka, wengine husema Nairuzi. Wanaume wa pande mbili wanapigana kwa mabua ya migomba, matusi yote ya mwaka yanatoka siku ile na yanaishia pale pale. Wanawake tunaimba. Kibanda cha makuti kinatiwa moto, na wazee wanatazama moshi unakoelekea. Wageni wanapiga picha za vita na kuondoka. Wachache wanauliza siku ile inajulikanaje.

Inajulikana kwa kuhesabu. Mwaka huo ni wa jua, siku 365 kamili, haurukwi wala hauongezwi siku. Zinakatwa kumi kumi, na kila kumi ni mwongo mmoja. Miongo 36, halafu siku tano za kufungia. Babu yangu mzaa mama alikuwa mvuvi na mkulima wa mtama na mihogo, hakuwa na kalenda ya ukutani. Alikuwa na kamba ya ukindu yenye mafundo, imening'inia nyuma ya mlango, na kila mwongo ukiisha alifungua fundo. Ukimuuliza lini kusi italegea atakuambia mwongo wa ngapi. Ukimuuliza lini apande, vivyo hivyo. Sisi watoto tulikuwa tunakatazwa kuigusa kamba ile, na mimi niliigusa tu kwa kupita, ilikuwa ngumu imekauka kwa moshi wa jikoni.

Kwa nini asitumie miezi ya Kiislamu naye alikuwa mtu wa swala tano? Kwa sababu mwezi mwandamo huteleza kama siku 11 kila mwaka. Ramadhani inaweza kukukuta na kaskazi au na kusi. Kwa funga na Hija unahesabu mwezi, kwa ngalawa na jembe unahesabu Nairuzi. Alikuwa na nyakati mbili kichwani na hazikugombana.

Fundi_wa_Vyuo alijibu:

Mwanakwetu amesema lililo kubwa kuliko yangu yote. Naongeza hesabu, Mwalimu, kwa ajili ya darasa lako.

Ahmad bin Majid, nahodha wa Julfar, upande wa Ras al-Khaimah ya leo, alikamilisha kitabu chake kikubwa cha ubaharia karibu mwaka 1490. Aliandika pia shairi refu la njia ya kwenda Sofala, na bandari zetu alizijua. (Kwamba ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi kwenda India, watafiti wengi wameshalikataa, msiwafundishe hilo.) Misimu ya kusafiri ameitaja kwa kuhesabu: siku ya ngapi baada ya Nairuzi fungua tanga, siku ya ngapi umechelewa, rudi bandarini. Ni mwaka ule ule wa siku 365 wa Makunduchi. Lakini zama zake Nairuzi iliangukia Novemba, na ukiihamisha kwenye kalenda tunayotumia leo, ni kama tarehe 22 ya mwezi huo.

Waulize vijana: kwa nini leo iko Julai? Mwaka wa jua una karibu siku 365 na robo. Nairuzi inaiacha robo hiyo, basi kila miaka minne inarudi nyuma siku moja. Kutoka mwaka 1490 mpaka sasa ni kama miaka 530. Gawa kwa nne, unapata siku 132 hivi. Toka mwishoni mwa Novemba, rudi nyuma siku 132, tazama unafika wapi. Kisha wasahihishe, kwa kuwa robo haijatimia, ni 0.2422, waone tarehe inavyosogea mbele kidogo. Na waulize pia kama mvuvi wa miaka sitini angehisi tofauti. Katika miaka sitini ni siku 15, mwongo mmoja na nusu. Angejirekebisha kwa kutazama upepo, bila kuvunja hesabu ya baba yake.

Sasa nina ombi kwa wote mnaosoma hapa. Kwenye picha ya pili, ukingo wa kushoto, kuna maandishi madogo ya mkono mwingine, wino wa kahawia uliopauka, ambayo aliyeghushi hakuyaona au hakuyajali. Yamekatwa na mkasi. Yaliyobaki yanasomeka kuwa ni wakfu kwa ajili ya wanafunzi, kisha jina la mahali linaanza na linakatika. Hiyo ni karatasi ya chuo kilichotolewa wakfu, na wenyewe wapo. Kama kuna mtu wa Kilwa, Mafia, Lindi, Pate au Lamu ambaye nyumbani au madrasa kwao kuna chuo kilichonyofolewa karatasi za mwanzo au za mwisho karibuni, aniandikie kwa ujumbe wa ndani. Akitupia picha ya mshono wa mgongo na ya karatasi iliyo jirani na zilizonyofolewa, nitalinganisha mistari ya waya, ile iliyoachwa ndani ya karatasi na chekecheo la kuitengenezea, na kingo zilizochanwa. Mwalimu, nawe nitumie picha ya pili ikiwa bado nzima, kabla WhatsApp haijaibana.

Mwalimu_Lindi alijibu:

Nimekutumia zote tano kwa barua pepe kama nilivyozipata kwa aliyenitumia mara ya kwanza. Yeye anasema alizipata kwa mtu wa Kilwa Kivinje. Kesho namfuata baada ya vipindi.